Kaa wa Dereva Wanataka Maji

Magomeni, Kilosa
2 Juni 1974

Dada Marselina,

Ndiyo, wamekunywa. Ndiyo, wote wawili. Ndiyo, mchanga ni mbichi, nimeushika asubuhi hii kabla sijanawa uso. Sasa kwa kuwa nimejibu maswali yako yote, ambayo uliyaweka juu kabisa ya barua hata kabla ya kuuliza kama ndugu yako yu mzima, niruhusu nianze kama watu wenye adabu wanavyoanza.

Shikamoo dada. Huku hatujambo. Mama hajambo isipokuwa goti, na goti nalo linajua kuchagua, halimuumi siku ya kwenda kanisani. Baba mdogo wa Lumuma alipita na kunde. Wamehamishiwa kijiji kipya, nyumba yake haina mlango bado lakini namba wameshaipiga. Hilo usimsomee mtu.

Haya, habari za kaa.

Uliposema unanitumia kwa treni ya Kidatu mzigo mdogo wa kukutunzia, mimi nilijua ni sufuria. Nafungua ndoo nakuta mchanga, halafu mchanga unatembea. Nikapiga hatua nyuma nikamkanyaga Mama. Kaa wa mtoni nawajua, tumewala. Lakini kaa aliyevaa kombe la konokono wa baharini, anatembea nalo mgongoni, na ukimgusa anarudi ndani na kufunga mlango kwa gando kama mtu aliyeona mgeni wakati wa chakula, huyo nilikuwa sijamwona.

Nimeelewa masharti, sina haja ya kuandikiwa mara ya tatu. Lupakisyo, huyo dereva wako kutoka Mbeya, aliwaokota pwani, akakuachia hapo Mikumi, akasema siku atakayorudi akiwakuta hai ndiyo siku atakayoandika barua ya posa. Wakifa, basi. Na mwenye nyumba ya wageni unakopika amekataa wadudu jikoni kwake. Kwa hiyo ndoa yako sasa iko chini ya kitanda changu na inataka maji asubuhi na jioni. Mimi nimeishia darasa la tatu, yako mengi sikufundishwa, lakini posa inayokauka sijasikia hata kwa waliofika la nane.

Tabu ni kwamba kunywa tu hakuwatoshi. Wanataka na hewa yenyewe iwe na majimaji, kama pumzi ya mtu. Ikikauka hawavuti pumzi. Nawe unajua upepo wa Kilosa mwezi huu, hata midomo ya wahubiri inapasuka. Niliwatia kwenye debe nikatoboa matundu. Mchana chini ya bati debe likawa chungu motoni. Nawafunulia, wamening'inia nusu nje ya makombe yao, wamelegea kama soksi. Nikawanyunyizia, nikawapepea kwa sinia la Mama, nikawaimbia. Sijui ni lipi lililowasaidia, lakini walirudi ndani.

Na bomba letu linatoa maji kama linatoa sadaka. Juzi mzee Thadeo, balozi wetu wa nyumba kumi, alinikuta namwagia mchanga maji mchana kweupe, na watu wako kwenye foleni wanatuona. Akasimama akaniuliza, "Cleopa, umepanda nini hapo?"

Nikamwambia, "Nimepanda shemeji."

Hakucheka.

Mwenyewe yuko wapi, dada? Barua iliyopita niliuliza, hukujibu. Mama kila jioni anauliza kama barua ya posa imefika. Namwambia iko njiani, barabara mbaya.

Mdogo wako,
Cleopa


Mikumi
23 Juni 1974

Mdogo wangu Cleopa,

Marahaba. Mimi sijambo. Mwambie Mama ninakula na nimenenepa. Namtumia sukari kidogo kwa mkono wa huyu anayeleta barua, ni mfanyakazi wa treni, usimcheleweshe kwa maneno yako. Tembo wameingia kwenye mihogo nyuma ya jikoni, wamekula na kukanyaga iliyobaki. Wageni ni wengi. Moshi unaniumiza macho, ndiyo maana mwandiko umepinda.

Hilo debe litoe leo. Nani alikwambia debe? Watie kwenye karai pana, mchanga mwingi hata waweze kujizika, juu weka gunia la katani lililoloa. Gunia lisikauke. Weka visahani viwili, kimoja maji ya kawaida, kimoja maji ya chumvi, maana hawa ni watu wa bahari. Ukiwanyima ya chumvi watadhoofika. Ndivyo alivyonieleza mwenyewe.

Usiwatoe nje kuwaonyesha watu. Nakujua.

Hayo mengine uliyouliza, karatasi imekwisha.

Dada yako,
Marselina


Magomeni, Kilosa
28 Julai 1974

Dada Marselina,

Shikamoo. Umesema karatasi imekwisha, lakini chini ya jina lako palikuwa na uwanja mweupe wa kutosha kulaza mtoto. Nimeukata nimefungia karanga.

Mama hajambo, ameshukuru kwa sukari, anaificha mahali ambapo mimi na sisimizi tunapajua. Unga uliopo dukani ni ule wa njano tu. Watu wanaula huku wanausema.

Sasa usikasirike mpaka ufike mwisho wa barua.

Karai lipo, ni lile la Mama la kufulia, kwa hiyo nguo zetu tunafulia mtoni. Mchanga upo. Gunia lipo. Iliyokosekana ni chumvi. Duka la ushirika halikuwa nayo, wakasema njoo wiki ijayo, na wiki ijayo wakasema hivyohivyo. Nikamweleza Kitashu, yule Mmasai anayetuletea maziwa. Akaniambia chumvi anayo, tena ng'ombe wake huitembelea mchana kutwa kwenda kuilamba. Akaniletea mabonge kwenye kitambaa.

Yalikuwa magadi. Naam, nayajua magadi, Mama anatilia kwenye kunde kila siku. Lakini nilionja nikakuta uchungu, nikakumbuka watu wa pwani wanavyosema maji ya bahari ni machungu, nikajisemea basi si ndiyo hiyohiyo. Dada, mimi bahari sijaiona, wala wewe. Tumwulize nani hapa Magomeni? Nikakoroga kisahani kizima.

Mkubwa, ambaye namwita Mwenyekiti, aliingia kuoga, akatoka mbio. Sikujua wale wanaweza kukimbia. Akapanda ukingo wa karai akang'ang'ania gunia, hataki kushuka. Mdogo, huyo ni Katibu, alifanya jambo ambalo sikulitegemea. Alitoka ndani ya kombe. Akaliacha. Umewahi kumwona uchi? Mbele ni kaa, nyuma ni kitu laini kilichojikunja kama kidole cha mtoto mchanga. Nikageuza uso kwa heshima.

Aliyemwokoa ni Mama. Alikuja na kata, akamwaga ule uchafu wangu, akamsuuza Katibu kwa maji ya mtungini, akasuuza na kombe, akaliweka karibu naye. Katibu akalipapasa, akarudi nyumanyuma kama lori linaloingia gereji, akazama. Halafu Mama akanigeukia akanena kwa Kisagara neno ambalo posta hawalipokei.

Kitashu alipokuja kesho yake akachungulia karai muda mrefu, akatikisa kichwa. "Kitu kinachobeba nyumba yake na kufa kwa kiu nyumbani humohumo," akasema, "kwetu hatufugi."

Chumvi ya mawe niliipata baadaye kwa fundi cherehani mmoja, tulibadilishana kwa kitu ambacho sitakitaja. Sasa wanaoga vizuri.

Hilo la kutowaonyesha watu nimelisoma, na nilitii kwa muda wa kutosha. Lakini karanga zangu zilikuwa hazitoki. Nikawapeleka gulioni, nikawaweka juu ya meza, nikatangaza: njooni mwone mwananchi aliyehama pamoja na nyumba yake. Watu walijaa, na hakuna anayesimama kushangaa bila kutafuna. Bahati mbaya aliyekuja mbele kabisa ni mzee Thadeo. Akaniuliza hayo maneno nimeyatoa kwenye hotuba gani. Nikaanza kumweleza, na kumweleza Thadeo ni kazi ya mchana mzima, na jua lile, na gunia nimeliacha nyumbani. Tulirudi nikikimbia, nimewafunga kwenye shati langu lililoloa, kifua wazi kama mwenda wazimu. Wako hai. Mwenyekiti alinikasirikia mpaka kesho yake.

Ninachouliza ni hiki tu. Lupakisyo amekwambia anarudi lini?

Mdogo wako,
Cleopa


Mikumi
25 Agosti 1974

Cleopa,

Marahaba. Barua yako niliisoma jikoni, nikaunguza wali wa wageni, nikasemwa mbele ya watu.

Wewe kila kitu kwako ni mzaha. Magadi. Magadi, Cleopa. Halafu gulioni. Nimekwambia usiwatoe nje, ukawatoa nje uuze karanga. Hivi unafikiri nakuandikia kwa sababu nawapenda kaa? Wote niliokuwa nao kwenye kisomo cha jioni wameolewa, hata yule aliyekuwa anakopi kwangu. Mimi bado ni dada wa jikoni, dada leta chai, dada kitanda changu kiko wapi. Umri wangu unaujua. Usiutaje.

Malori yanapita. Nikiwa jikoni nikisikia mngurumo najua ni lori la namna gani kabla sijaliona. Sasa hivi nimesikia mawili. Siyo.

Mama asijue nimeandika hivi. Mwambie nimenunua kitenge.

Wewe wape maji. Hayo mengine niachie.

Marselina


Magomeni, Kilosa
29 Septemba 1974

Dada Marselina,

Shikamoo, na unisamehe kwa yaliyopita, nimesemwa nikasemeka. Mama hajambo. Nimemwambia habari za kitenge, anataka kujua rangi. Nimesema bluu. Kama si bluu, nunua bluu.

Naandika nikiwa nimechoka. Joto la mwezi huu sijawahi kuliona. Gunia nalilowesha, nageuka kumsalimu mtu, nikirudi limekauka linakwaruza. Nalilowesha tena. Nikienda kuuza karanga nawaza gunia. Nikilala naota gunia. Kuna siku nilikuwa kanisani, padri kasema maji ya uzima, mimi nikainuka nikatoka mbio nyumbani.

Siku hiyo ndiyo nilikuta karai tupu. Nilitafuta chini ya kitanda, uvunguni kwa Mama, kwenye viatu, mpaka kwa jirani. Sikuwaona. Kesho yake pia. Nilianza kutunga barua ya kukueleza, ikawa kila sentensi inanishinda.

Waliowaona ni wanawake waliokuja kwa Mama kutengeneza kimea. Unakumbuka Mama anavyotandaza ulezi uliolowekwa, anaufunika kwa magunia na majani ya mgomba, ananyunyiza kidogo kidogo mpaka uote? Walipofunua, Mwenyekiti na Katibu wamo katikati, wamejizika ndani ya ulezi unaoota, makombe yanang'aa kwa unyevu, na pembeni yao wamekula sehemu ambayo ingetoa debe zima la pombe. Tangu waje sijawaona na afya ile. Wale akina mama walipiga yowe, mmoja akasema tumeingiliwa. Mama yeye alishika kiuno, akaangalia weee, halafu akaniuliza kwa nini mtu mzima kama mimi nahangaika na ndoo wakati chumba cha kimea kinatoka jasho chenyewe.

Kwa hiyo sasa karai linakaa huko. Chini mchanga, pembeni kipande cha mtungi uliovunjika chenye maji, juu magunia mawili, moja likikauka lingine bado bichi, na kimea kando yake kinapumua. Ukitia mkono ndani unahisi kama umeutia kwenye kinywa cha ng'ombe. Wanapenda.

Lakini bado maji yanatakiwa, na kwa hilo nilishtakiwa. Mzee Thadeo alituita kikao, nyumba zote kumi. Akasema kuna mwananchi anamwaga maji ya umma kwenye mchanga na wenzake wana kiu. Nilijiandaa kujitetea kwa mzaha kama kawaida. Kabla sijafungua mdomo Mama akasimama. Hakuongea mengi. Akasema, "Hao ni wa posa ya Marselina. Wakifa, haolewi."

Thadeo akavua kofia, akaivaa tena. Akasema kama ni hivyo jambo hili si la Cleopa, ni la nyumba kumi. Tangu siku hiyo mimi nachota kwanza kwenye foleni. Mke wake analeta ganda la nazi. Watoto wanapita wanauliza, wamekunywa? Mtaa mzima unangoja harusi yako, dada. Wameshagawana nani atapika na nani atabeba viti.

Nimekueleza ujue uzito niliobeba.

Kesho kutwa napanda treni kwenda Morogoro kufuata karanga. Mama atashika zamu.

Cleopa


Mikumi
20 Oktoba 1974

Mdogo wangu Cleopa,

Marahaba sana. Natumaini Mama hajambo na wewe hujambo, na mzee Thadeo na nyumba zote kumi. Kitenge ni bluu kweli.

Ametuma salamu. Dereva mwenzake kashusha ujumbe hapa jana, kwamba atapita Novemba katikati na atalala. Kaniuliza kama amana yake ipo. Nikasema ipo, iko kwa ndugu yangu, inakaa kama mfalme. Nimefua mapazia yote ya nyumba ya wageni, mwenye nyumba ananishangaa. Jioni nilicheka mwenyewe nikikumbuka habari ya Katibu kuingia nyumanyuma kama lori.

Walete wewe mwenyewe kwa treni. Usimpe mtu. Njiani wafunike, dirisha la treni lina upepo mkavu. Uvae shati lile zuri, maana wewe ndiye utakayepokea barua badala ya marehemu Baba, na ukae kimya kidogo.

Mbona hukuandika kutoka Morogoro? Ulifika salama?

Dada yako akupendaye,
Marselina


Magomeni, Kilosa
27 Oktoba 1974

Dada Marselina,

Shikamoo. Mama hajambo. Kaa wako hai, wamekunywa.

Morogoro nilifika salama. Kurudi ndiko nilikorudi vibaya.

Nilishuka pale stesheni na njaa. Nje kuna mama mmoja anauza chai na maandazi, anaitwa Costancia, mcheshi, tukataniana mara moja kama tumelelewa pamoja. Nimekaa kwenye benchi lake nakunywa, mguu wangu ukagusa kitu chini ya meza. Karai. Juu yake gunia limelowa.

Dada, mimi gunia lililolowa nalijua sasa kuliko ninavyoujua mkono wangu. Nikajiambia ni samaki. Nikajiambia ni kimea. Halafu nikasikia mle ndani ule mkwaruzo wao, kombe likigonga bati.

Nikanyoosha mkono, akanipiga kofi la kijiko. "Usiguse, si wangu. Mwenyewe akirudi anataka awakute hai."

Nikamwuliza mwenyewe ni nani.

"Dereva. Mtu wa Mbeya, wa malori ya Zambia." Akaangalia pembeni kidogo, akatabasamu. "Akiwakuta hai anakwenda kwetu kwa wazee."

Jina lako sikulitaja. Nikafunua gunia. Walikuwa watatu, dada. Yeye kapewa watatu. Mchanga ulikuwa umekauka juu, na mmoja amekwishaning'inia nje kama wale wangu siku ya debe. Akaniambia amechoka, ananunua maji kwa mtu wa mkokoteni, majirani wanamcheka, na kiangazi hakiishi.

Nikafanya jambo moja nililoweza. Nikavua koti, nikachota maji kwenye ndoo yake ya vikombe, nikamwonyesha. Mchanga unyunyizwe mpaka ukiufinyanga ushikane. Magunia mawili, siyo moja. Kipande cha mtungi ndani. Atafute mtu anayetengeneza kimea awaweke karibu. Na kama kuna mtu atampa magadi, akatae. Akaniuliza haya nimejifunzia wapi. Nikasema kwetu Kilosa tunawafuga. Tukakaa pale watu wawili wazima tunamnyunyizia mtu mmoja ambaye hayupo.

Nilirudi bila karanga.

Sikuandika kwa sababu kila nikianza nilikuwa naanza na habari za goti la Mama, na karatasi inajaa goti. Nikasema labda madereva wa Mbeya wanaookota kaa ni wengi. Nikasema labda nimsubiri aje nimwone kwa macho. Barua yako ya mapazia ndiyo imenishinda.

Mimi sikuambii umfanye nini. Nimekwambia nilichokiona na nilichokigusa kwa mguu. Ukisema niwalete, nitawalowesha, nitavaa shati, nitakaa kimya, na nitapokea hiyo barua kwa mikono miwili. Ukisema nisiwalete, sitawaleta. Mama sijamwambia, wala mtaa.

Nijibu upesi.

Cleopa


Mikumi
19 Januari 1975

Mdogo wangu Cleopa,

Marahaba. Natumaini mlikula Krismasi vizuri. Huku mvua kubwa, nyani wamehamia kwenye baraza. Reli ilikatika maji yalipopita, barua zikakaa. Hata ingekuwa nzima nisingeandika.

Barua zako mbili za Novemba na ile ya Desemba nimezipata zote siku moja. Ile ya Oktoba niliipata kwa wakati wake. Usijilaumu kwa kuichelewesha. Kuna mambo ya lori lile niliyajua kabla yako, nikayaweka chini ya sufuria nikafunika.

Alikuja. Alikaa meza ya dirishani, akala, akasifu mchuzi. Akauliza wako wapi wadudu wake.

Nikamwambia, "Wamekufa. Wote wawili. Wamekauka."

Akacheka, akasema basi, bahati yangu mbaya. Hakuuliza wamekufa lini, wala kama waliteseka. Nikamwambia chai yake inapoa. Asubuhi lori lilipowaka nilikuwa naosha vikombe, nikaendelea kuosha.

Yule mama wa Morogoro, umwambie au usimwambie mimi sijui. Mimi nilitaka kuambiwa.

Mama mweleze wewe, mimi siwezi.

Wakati wa mvua watu hujisahau, wanaona hewa ni mbichi wanaacha gunia. Wewe usiache. Katibu bado anapenda ganda la nazi?

Wamekunywa?

Marselina


Magomeni, Kilosa
9 Februari 1975

Dada Marselina,

Wamekunywa. Shikamoo.

Mama nilimweleza akiwa anachambua mchicha. Hakuinua kichwa. Alimaliza fungu lote, akanawa, akaingia chumba cha kimea, akalowesha gunia yeye mwenyewe. Siku hizi haniachii. Anasema mimi nanyunyiza kama nafukuza kuku.

Morogoro nilikwenda, maana karanga bado zinatakiwa. Costancia nilimwambia. Alinimwagia chai ya moto kwenye goti. Halafu akakaa, akanimiminia nyingine, hakuidai. Alibakiwa na wawili, yule aliyekuwa ananing'inia hakupona. Kaniomba kimea, nimempelekea.

Mtaa ulikuwa mgumu zaidi. Nilimwambia mzee Thadeo kwamba posa haipo ila kaa wapo. Alifikiri sana, akasema kwa haki nirudi mwisho wa foleni kama wananchi wengine. Nimerudi. Lakini mke wake bado analeta nazi, na watoto bado wanauliza. Wale waliogawana viti hawajui waviweke wapi. Kitashu anasema alishatuonya.

Katibu kakua. Kombe linambana, anatembea nusu nje kama mtu aliyevaa suruali ya mdogo wake. Nimemwekea ganda la konokono wa shambani ili alijaribu, kaligeuza mara mbili, kalidharau, anataka la bahari. Hao ndio kaa wako, wamelelewa kwa kimea wana kiburi.

Sasa nina biashara nataka nikupe, na uisome mpaka mwisho.

Mimi na Mama tutaendelea kuwashika. Kiangazi kitarudi, gunia litakauka, nitalalamika, hilo ni langu. Wewe upande treni ya Kilosa kabla ya Pasaka, na kitenge cha bluu, ukae nyumbani wiki nzima, umpumzishe Mama na uone unachokiuliza kila barua. Kabla ya safari wakamate hao madereva wa pwani, yeyote, umwambie akuletee kombe tupu lenye ukubwa wa yai la bata. Kombe tupu, dada. Asiahidi kitu kingine.

Na atakayekuja kusema anakutaka, awe dereva, awe mwalimu, awe na ng'ombe wanaojaza bonde, mimi barua yake siipokei. Nitampa karai, magunia mawili na kata. Atakaa hapa Magomeni kiangazi kizima, atapanga foleni nyuma yangu, Thadeo akimwangalia. Akifika mvua ya kwanza na hao wawili wako hai, nitavaa shati nimsikilize. Hata wakimfia, akija mwenyewe akasema wamekufa mikononi mwake, nitamsikiliza. Ila akinijia na ndoo akasema ana safari kidogo nimshikie, nitamwekea magadi kwenye chai.

Ukikubali, usijisumbue kuandika barua ndefu. Andika lile neno lako la siku zote, kama wamekunywa, nami nitajua tumepatana.

Mdogo wako,
Cleopa